Zizi Lililofunguliwa Yowe Likilia

Kutoka Songea hadi Musoma nilisafiri kama mtu anayefukuzwa, ingawa hakuna aliyenifukuza. Basi la kwanza lilikufa Makambako. La pili lilinilaza Dodoma, stendi, kichwa juu ya begi. Nikapita Singida, nikapita Shinyanga, Mwanza nikabadili tena. Ndani ya begi kulikuwa na mwiko, pima maji iliyochomoza nje ya zipu, timazi na mashati yangu. Tangu nilipomaliza kidato cha nne sijawahi kukaa mahali nikaona mwembe niliopanda ukizaa. Nikiwa Songea naikumbuka Tanga. Nikiwa Tanga naota Songea.

Mama mmoja aliyepandia Mwanza alikaa kando yangu, mkoba mapajani.

"Musoma unaendaga kwa nani?"

"Sina mtu kule, mama. Natafuta kazi ya ujenzi."

"Huna mtu?" Akauhamishia mkoba upande wa dirisha. "Sisi huku mtu asiye na mtu tunamwangaliaga mara mbili."

Abiria wa nyuma akacheka. "Mama, mwache. Mwizi gani anatembea na pima maji?"

"Wa nyumba," akajibu, bila kugeuka.

Nilipanga chumba Nyakato. Mwenye nyumba alinitaka niende kwanza kwa balozi wa nyumba kumi nikajieleze nimetoka wapi na kwa nini. Nilijieleza. Balozi alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza tena tangu mwanzo, nadhani apate kuona kama hadithi itabadilika.

Nikapata kibarua cha kupiga lipu ghala la dagaa Mwigobero, na hapo ndipo nilipokutana na mtu aliyekuja kuwa mwenyeji wangu. Alikuwa wa umri wangu, mkulima wa pamba na mfugaji, mwenye kicheko cha kusikika ng'ambo ya soko. Alikuwa amekuja kununua dagaa. Alisimama akautazama ukuta wangu kwa muda.

"Fundi, mama yangu anaumwa. Anataka afie kwenye nyumba ya bati. Utakuja?"

Kijiji chake kiko kati ya Butiama na Bunda, kwenye mawe makubwa yaliyobebana. Nilipewa kibanda karibu na zizi. Mama yake alikuwa amelala nyumba ya nyasi, mwembamba kama mkeka uliokunjwa, na kila asubuhi aliniuliza ukuta umefika wapi. Niliipenda ile familia. Nilianza hata kufikiri kwamba pengine hapa nitakaa.

Kisha siku moja, jua likichomoza, yowe lilisikika kutoka upande wa Bunda. Nilikuwa nakoroga udongo. Mwenyeji wangu alikuwa mlangoni mwa zizi. Alisimama, akainamisha kichwa upande kama mtu anayesikiliza redio ya jirani. Halafu akachomoa miti ya mlango, akawatoa ng'ombe wake kwenda mtoni.

Sikujua kwamba nimeona jambo. Mgeni hawezi kujua. Baadaye ndipo nilipoelezwa: huku ng'ombe wakiibwa, wenye mali hufuata nyayo, na kijiji ambacho nyayo zimeingia hukabidhiwa msako. Ni lazima kionyeshe nyayo zilipotoka tena kwenda mbele. Kisipoweza, kijiji hicho ndicho kinacholipa. Kwa hiyo yowe likilia, hata mtoto anajua: mifugo inabaki zizini mpaka wafuataji wapite, nyayo zisije zikafutwa.

Walikuja wanaume wengi wenye fimbo, wakimfuata mzee aliyeinama kama anayetafuta sindano. Maksai wawili wa kulimia walikuwa wameibwa. Nyayo ziliingia kijijini, zikapita kando ya shamba la pamba, zikafika kwenye njia ya mtoni. Hapo zilikwisha. Juu yake zilikuwa nyayo za ng'ombe wa mwenyeji wangu, mbichi, zimetapakaa njia nzima.

Mkutano uliitwa siku ileile. Kiongozi wa sungusungu, walinzi wa kijiji, ndiye aliyeuliza.

"Yowe ulisikia?"

"Nilisikia. Nikadhani ni la msiba."

"La msiba na la ng'ombe huyajui? Umezaliwa Dar?"

Watu wakacheka. Mwenyeji wangu pia alitaka kucheka, kikatoka kikohozi.

"Mama hakulala. Akili yangu yote ilikuwa kwa mama."

"Na ng'ombe wako leo walikuwa na kiu kuliko siku zote?"

Kijiji kililipa maksai wawili, kila nyumba na mchango wake, na yeye akatengwa mpaka atakapokubali kosa. Asisalimiwe, asipewe moto, asisagiwe mashineni, na kukiwa na msiba kwake asije mtu. Mimi sikuulizwa kitu. Mgeni hana sauti mkutanoni, na sijui ningesema nini.

Muuza duka aliniambia wazi: "Fundi, chumvi nakuuzia. Lakini ukienda kuilia kule, ujue umemnunulia yule, na wewe utatengwa naye." Nikawa nakula mboga isiyo na chumvi pamoja nao.

Nilichokiona baada ya hapo hakikunitoka. Mtu asiyesalimiwa hubadilika hata anavyotembea. Alianza kupita nyumba za watu haraka, macho chini. Akawa anakohoa kabla ya kukunja kona ili watu wapate nafasi ya kumkwepa. Kila alichofanya kikawa ushahidi. "Unamwona anavyotembea? Ndivyo wanavyotembeaga." Hata mimi. Nilikuwa naurudia ule mwinamo wa kichwa chake, naugeuza huku na huku kama tofali lenye ufa. Mtu aliyechoka husimama vile. Anayefuta nyayo za wenzake pia husimama vile. Nilijikuta nikinusa shati lake, eti nipate harufu ya ng'ombe wa watu, kana kwamba ng'ombe hunukia mwenye mali.

Siku moja, akinipandishia matofali, aliuliza, "Fundi, unaniona mwizi?"

"Sijui."

"Afadhali wewe. Wenzako wanajua."

Mama yake akazidi kuishiwa nguvu. Kuta zilikuwa zimefika kwenye linta, usawa wa juu ya milango. Akifa, mwanamke wa kumwosha asingekuja. Wa kumchimbia kaburi asingekuja. Mchana mmoja yule mama aliniita.

"Mwanangu, mwambie ndugu yako akubali."

"Akubali nini, mama, kama hakufanya?"

"Ukweli utamngoja. Mimi sitamngoja."

Nilimfikishia. Alirudisha tofali kwenye rundo, akaenda kuomba mkutano.

Alisimama mbele yao akasema alilipwa afute nyayo. Watu gani? Wa mbali, hawajui. Ng'ombe walipelekwa wapi? Upande wa mbugani. Aliwaona? Aliwaona, wote wawili weusi.

Wenye mali walikuwa wamesema tangu siku ya kwanza kwamba mmoja ni mwekundu. Nilitazama nyuso moja baada ya nyingine. Kila mtu alikuwa amesikia. Hakuna aliyemsahihisha. Walishusha pumzi tu, kama watu waliotua mzigo, na mzee mmoja akasema, "Ungesema hivyo toka zamani, baba, tusingeteseka wote."

Alitoa fahali, akachinjwa, wakala pamoja. Jioni ileile wanawake walikuja kumsalimu mama na uji na kuni. Tulipandisha bati, akahamishiwa ndani, akafia humo. Waliochimba kaburi walikuwa wengi mpaka majembe hayakutosha. Matanga yalipokwisha, mwenyeji wangu alicheka tena, kwa sauti kubwa kuliko ya Mwigobero, na nikaona kwamba kila akicheka anaangalia nani anamtazama.

Kisha mbuzi wa muuza duka wakapotea.

Mwenyeji wangu alinikuta mchana napiga lipu ukuta wa nyuma. Alichukua ndoo akaigeuza, akakaa juu yake.

"Kesho kuna mkutano, fundi. Wataanzia kwangu. Mtu aliyekubali mara moja ndiye anayeulizwaga wa kwanza."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo nitasimama kabla hawajauliza. Nitakutaja wewe."

Mwiko ulibaki mkononi. "Mimi nimefanya nini?"

"Hujafanya kitu. Najua."

"Unajuaje?"

Aliutazama ukuta. "Ukiwa umeondoka, watasema ni yule mgeni, yataishia hapo. Hawatakufuata Songea. Ukibaki, mmoja wetu atatengwa. Mimi siwezi tena, ndugu yangu. Siwezi."

Ningeweza kubaki. Nilifikiria kusimama nikaeleza nilichokiona siku ile zizini, lakini sikujua ningekuwa namshtaki au namtetea. Nikaosha mwiko, nikaufunga begini.

Alinibebea begi mwenyewe mpaka barabarani, akanitafutia bodaboda ya Bunda. Watu walikuwa wamekaa kibarazani mwa duka. Alinishika mkono, akapaza sauti: "Safari njema, fundi! Wasalimie kwenu!"

Pikipiki ilipoanza kuondoka niligeuka. Alikuwa tayari amefika kwenye kile kibaraza. Walimsogezea benchi, akakaa katikati yao, akaunyosha mkono kuelekea kule nilikokuwa nakwenda.