Barua Niliyoiandika kwa Jina la Mama Mkwe

Shule niliishia darasa la nne, na hilo la nne lenyewe sikulimaliza. Lakini kusoma barua nilijua, na hapa Usoke enzi zile aliyejua kusoma barua alikuwa mtu. Treni ikishusha barua, wanawake wananifuata kwenye bani la kukaushia tumbaku. Tunafunga majani kwenye fito huku nawasomea waume zao wanasema nini huko waliko. Barua ni ya Kiswahili, mimi naimwaga kwa Kinyamwezi, na mume akiwa mkavu namwongezea chumvi kidogo. Hakuna aliyelalamika. Ndiyo sababu hata kanisani nilipewa kusoma nyaraka za mitume kila Jumapili, kazi niliyoishika mpaka nywele zimekuwa nyeupe. Sikuzielewa zote. Nilikuwa na sauti nzuri, basi.

Sasa wivu. Wifi yangu, mdogo wa marehemu mume wangu, alipelekwa shule mpaka chuo cha theolojia. Mama yao hakujua herufi hata moja, kwa hiyo barua za kwenda chuoni nilikuwa naandika mimi. Yeye anakaa kwenye kigoda anasema, mimi naandika. Mwishoni anataja wanaomsalimu bintiye, nyumba kwa nyumba. Anaanza na majirani zake pale relini, anapita kwa fundi baiskeli, anamalizia kisimani nilikojenga mimi. Mimi wa mwisho kila barua. Nalo lilinikera, niseme ukweli.

Likizo moja akaniambia, "Mwandikie aje. Matobolwa nimemwekea." Matobolwa ni viazi vitamu, tunavichemsha kisha tunavianika. Wengine wanavipondea karanga, mimi siwapendei, lakini hayo tuyaache. Nikakumbuka likizo iliyopita. Mume wangu alimpa dada yake kiti pekee chenye mgongo, akamuuliza habari za dunia. Mimi hajawahi kuniuliza hata kama mvua itanyesha. Wao wanacheka barazani, mimi moshi unanitoa machozi jikoni. Basi nikaandika: "Mwanangu, usije likizo hii. Nyumba imejaa wageni. Baki usome."

Hakuja. Mama mkwe alikwenda stesheni siku tatu mfululizo. Matobolwa yakaingia wadudu, nikawapa kuku. Sikumwambia mtu yeyote, hata mume wangu.

Miaka ikaenda. Wifi akawa mwalimu wa wachungaji, kazi yake kuchambua barua za Wakristo wa kwanza, zilizoandikwa kwa Kigiriki. Mwaka huu amestaafu, akaja kutufundisha akina mama barua hizo kwa wiki nzima. Kashuka na miwani ya kamba na kasha la bati.

"Shikamoo, wifi," akaniambia, mtu mzima yule na Kigiriki chake. Ningependa asiniamkie, nipate la kusema.

"Marahaba. Kasha la nini?"

"Barua za mama. Nimezitunza zote. Nitafundishia."

Usiku sikulala. Nilikuwa nafikiri, ikijulikana kwamba niliandika uongo kwa jina la mama wa mtu, nani ataniachia tena nyaraka za mitume nisome?

Darasani akafundisha, na alifundisha vizuri, Mungu anisamehe jinsi nilivyoumia. Akasema mtume alikuwa anasema tu, karani anaandika. Akasema aliyebeba barua ndiye aliyewasomea watu na kuwafafanulia. Akasema watu wa zamani walifungua barua kwa "salamu" ya kawaida, mtume akaigeuza ikawa "neema", yaani kabla hujasoma lolote umeshapewa kitu usichokistahili. Jirani yangu akanipiga kiwiko. "Wifi yako anajua Kigiriki!"

"Na kuku anajua kutaga," nikamjibu.

Siku ya tatu akasema wasomi wanaona baadhi ya barua hakuandika mtume mwenyewe, waliandika wanafunzi wake kwa jina lake. Mmoja akauliza wanajuaje. "Kila mtu ana mwendo wake wa kusema," akajibu. "Maneno anayoyapenda. Namna anavyosalimu." Wala hakunitazama. Mimi nilikuwa natazama kucha zangu.

Jioni akaja kwangu na barua moja. Akaiweka mkekani kati yetu.

"Wifi, mama alikuwa anaanza kusalimu kutoka wapi?"

"Relini."

"Hii inaanzia kisimani."

Nimekaa na barua ile kichwani miaka yote hiyo na sikuwahi kuliona hilo. Mtu akisalimu anaanzia mlangoni kwake, na mimi siku ile nilijiweka wa kwanza.

"Umejua lini?" nikauliza.

"Zamani. Niliilia sana. Chuo kizima kilikuwa kimeondoka. Mwalimu mmoja mzee akanihurumia, akasema kwa kuwa upo tu, njoo nikufundishe Kigiriki. Ndipo nilipoanza."

Kumbe ile miwani, ule usomi, watu kumwita mwalimu, vyote nilimpa mimi kwa mkono wangu! Wivu uliniuma siku ile kuliko miaka yote.

"Kesho nataka kuonyesha barua isiyo ya mwenye jina," akasema. "Hii ndiyo nzuri. Lakini ukikataa nitatafuta mfano mwingine, na hakuna atakayejua."

Hapo ndipo aliponimaliza. Angekuja na matusi ningemjibu. Amekuja na neema, nami nitakaa nayo mpaka kaburini, kila nikimwona nikumbuke yeye ni mwema na mimi sivyo? Hapana. Nikamwambia, "Lete. Naisoma mwenyewe. Msomaji wa hapa ni mimi."

Kesho yake nikaisoma mbele ya wanawake wote. Nilipofika penye "usije" nikasimama. "Hili mama hakulisema. Alisema aje. Nililiandika mimi, kwa wivu."

Kisha jirani yangu akainuka taratibu, mkono kiunoni. "Na barua za mume wangu? Ile ya kwamba ananiota kila siku?"

"Hiyo... aliuliza hali ya mbuzi."

Wakaangua kicheko. Jirani yangu hakucheka mwanzoni, akaja akacheka mpaka akafuta macho kwa khanga. Wifi alikuwa ameinamia daftari anaandika. Hata kosa langu kalichukua akalifanya somo.

Jumapili nilikwenda kanisani nimeshajikatia tamaa, nikakaa nyuma. Muda wa waraka ulipofika, jirani yangu akageuka. "Mama, tunakungoja. Soma, lakini leo usitie chumvi."

Nikasoma. Mstari wa mbele wifi alikuwa amefungua kitabu chake cha Kigiriki, kidole kinanifuata neno kwa neno. Sikumwachia hata moja la kusahihisha.