Filamu ya Baba Yake Bibi

Mdomo wangu hauna breki, na ndio unaonilisha. Nina banda la video hapa Buswelu. Filamu inaongea lugha ya kwao, mimi nimeshika kipaza sauti naitilia Kiswahili. Nisichokielewa nakitunga. Watu wanacheka, kesho wanarudi.

Jirani yangu alikuwa bibi wa Kijerumani, nesi mstaafu, aliyekuja huku akiwa msichana. Lafudhi yake ilikuwa ya Kisukuma kuliko yangu. Siku moja akaja na diski mkononi.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Nimeleta filamu ya baba."

Kumbe baba yake alikuwa mwandishi wa filamu kule kwao, miaka ile baada ya Vita ya Pili. Vichekesho vya vijijini: wakulima, mifugo, vijana wanaopendana nyuma ya zizi. Miji ilikuwa magofu, watu walitamani kucheka, akawachekesha. Baadaye wasomi wakasema kaandika upuuzi. Mzee akafa akiamini hivyo.

Sasa bibi alikuwa anarudi kwao moja kwa moja, miguu imegoma.

"Kabla sijaondoka nataka kusikia watu wakicheka kitu alichoandika yeye," akasema. Akanikazia macho. "Yeye, siyo wewe."

Jamani, aliniweza.

Jumapili baada ya misa banda likajaa. Bibi alikaa ubavuni kwangu akininong'oneza maneno, nami nayasema vilevile. Lakini aisee, Wajerumani wanachelewa kuchekesha! Watu wakaanza kupiga miayo. Nikashindwa kuvumilia, nikachomekea vya kwangu. Banda zima likaangua kicheko, isipokuwa bibi. Akaacha kuninong'oneza, akakunja mikono mapajani. Iliniuma, na hasira pia nilikuwa nayo. Sasa alitaka wasinzie?

Kwenye filamu ikafika siku ya posa. Kijana kaja kwa baba wa binti na maua, na ng'ombe mmoja. Nilishafungua mdomo niseme. Nikaiona mikono ya bibi pale mapajani, nikazima kipaza sauti.

Weee, kimya kile! Baba wa binti hamtazami kijana hata kidogo. Anamzunguka ng'ombe, anampapasa kiwele, anamfunua mdomo akague meno. Kijana kasimama tu na maua yake. Mwishowe mzee anavua kofia, anamwinamia ng'ombe kwa heshima zote, anamkaribisha ndani, na mlango anaufunga.

"Huyo mzee ni baba mkwe wangu kabisa!" akapiga kelele mama mmoja mfugaji wa Buhongwa.

Banda likalipuka. Nani pale hajaona ng'ombe wa mahari wakikaguliwa? Watu walipiga mapaja, wakashikana mabega, wengine wakatoa machozi.

Bibi akanishika mkono kwa nguvu. Alikuwa analia na kucheka kwa pamoja.

"Hiyo ni ya baba," akasema. "Hiyo kaandika yeye."

Watu wakadai irudiwe. Nikairudisha, na kipaza sauti nikakiweka chini ya kiti.