Chai ya Nyumbani kwa Mzee wa Kanisa

Wakati ule siku ya soko haikuwa na raha kwangu hata kidogo. Nilikuwa nikikoroga githeri ya mahindi na maharagwe pale hotelini pangu, Gakindu, huku masikio yote yakiwa barabarani, nikingoja buti. Askari mmoja alikuwa ameamua kunifuata. Kosa langu? Nilimwambia mbele ya wateja aache kumzaba makofi babu wa watu aliyekuwa anakunywa uji wake. Basi. Tangu hapo akawa anaingia, anapindua masufuria ati anatafuta pombe haramu, ananifunga pingu, nalala seli, kesho yake naachiliwa bila mashtaka. Pombe yenyewe hata harufu yake siijui.

Nilichoka. Nikapata wakili wa kunitetea bure, tukaenda korti kuu ya Nyeri kumwomba jaji amkataze huyo afande kunishika bila sababu. Nilijua tukishindwa nafunga hoteli, maana akirudi atarudi na hasira mpya.

Jumapili iliyotangulia kesi, mzee wetu wa kanisa alinishika mkono nje ya ibada, akaniambia nipitie kwake ninywe chai. Mzee huyo ndiye aliyesimamia harusi yangu, ningemkataliaje? Kufika, namkuta afande kwenye kochi, bila yunifomu, ameshika kikombe. Nilitaka kugeuka, lakini mke wa mzee alikuwa tayari ameniwekea nduma za kuchemsha na chai, na kwetu ukiacha chai ya watu ipoe mezani ni kama umewaambia wametia sumu. Nikanywa. Mzee akaomba, sote tukasema amina. Kuhusu seli hakuna aliyefungua mdomo.

Mjinga mimi.

Siku ya kesi wakili wa afande alisimama akasema hakuna kesi tena. Alidai tumeshapatana kinyumbani, tumekula meza moja, tumeombewa, na mzee wa kanisa yuko hapo nyuma tayari kuapa. Nikageuka. Kweli yuko, na suti yake ya Jumapili, anaangalia viatu vyake. Wakili wangu alinitazama kama mtu aliyeuziwa gunia la mahindi mabovu, kwa sababu sikuwa nimemwambia habari ya chai. Nani huenda kumwambia wakili wake amekunywa chai? Nilikasirika.

Jaji akaniuliza kama ni kweli nilikula na huyu mtu. Singedanganya baada ya kushika Biblia. Nikasema ndiyo. Akaandika, na mimi nikaona mlango wa hoteli yangu ukifungwa.

Kisha akamgeukia afande.

“Mlipatanishwa kwa kosa gani?”

Afande akamtazama wakili wake. Wakili akatazama karatasi zake. Katika majibu yao ya maandishi kwa korti walikuwa wameapa kwamba hajawahi kunikosea hata siku moja, na sasa akitaja kosa lolote amejifunga mwenyewe.

“Hakuna kosa, Mheshimiwa,” akasema afande mwishowe.

“Basi hakuna kilichopatanishwa. Tuendelee.”

Uamuzi ulipotoka, alikatazwa kunishika au kupekua hoteli yangu bila kibali cha korti. Nililia pale pale, bila aibu. Lakini hadi leo nikisikia buti barabarani mkono unaniganda kwenye mwiko.

Siku ya soko iliyofuata mzee wa kanisa alikuja, akakaa pembeni, akaagiza chai. Nilimpelekea, pamoja na nduma. Akaitazama tu, mikono iko magotini, wateja wote wanamwangalia. Sikumwonea huruma.

“Kunywa, mzee,” nikamwambia. “Ni chai tu.”