Kadi Niliyoifuta

Mwanangu, nakumbuka siku niliyofanya kosa langu la kwanza kubwa katika kazi hii, na nalikumbuka kuliko mashine yoyote niliyowahi kuitengeneza. Nilimkatiza mzee aliyekuwa anataka kuniambia jambo. Hakuwa amefika hata katikati ya maneno yake. Nilimwambia, papa, usijali, hii naijua, nikaanza kufungua skrubu.

Unaweza kucheka kwamba nakuita mwanangu, maana ndevu zako zilitangulia zangu. Lakini baba yako ni kaka yangu, na kwetu mtoto wa kaka yako ni mtoto wako, basi nina haki ya kukushauri hata kama juzi tu tulikuwa tunaazimana mashati. Umeniandikia kutoka Beni kwamba umepata play ya zamani, mashine ya kuchezea michezo kwenye televisheni, ambayo jicho lake halisomi tena diski, na unataka nikufundishe kuitilia ile programu inayoifanya isome michezo kutoka kwenye clé USB, kile kijiti cha kuhifadhia mafaili. Nitakufundisha. Mikono yako ni mizuri, utaielewa upesi. Haya ninayokuandikia sasa ndiyo yaliyonichukua muda mrefu kuyaelewa.

Unajua kwamba sikukaa chini ya fundi yeyote. Nilijifunza kwa simu, kwa video za watu wanaosema haraka Kiingereza ambacho nilikielewa nusu, na nusu nyingine nilikisia kwa kutazama vidole vyao. Kwa hiyo niliishi na woga. Mteja akiniuliza nilisomea wapi, nilitoka jasho. Nilipomaliza mashine nilikuwa naifungua tena kuhakikisha, kisha naifungua tena kwa sababu labda katika kuhakikisha nimelegeza kitu. Nilipangusa kila skrubu kwa alkoli. Vijana wa mtaa wetu wa Vulamba, hapa Butembo, waliokuja kuchaji simu zao kwenye paneli yangu walinitania. Wakikuta nimeinama juu ya meza, mmoja aliuliza kwa upole wa uongo, "Docteur, mugonjwa ameamuka, ao tulete sanduku?" Wenzake walicheka, nami nilicheka nao, kisha nikaifungua mashine tena.

Woga huo ulinifundisha hila moja. Nilisema mimi kwanza. Mteja akifungua mdomo, nilimmwagia maelezo: lentille, lile jicho la kusomea, imechoka, diski zimechubuka, vumbi letu jekundu linaingia kila mahali, utaacha hapa, utaikuta tayari. Nilifanya hivyo ili asipate nafasi ya kuniuliza jambo nisilolijua. Watu waliona ni ujuzi. Waliniheshimu na wakanyamaza.

Ndivyo nilivyomfanyia Papa Paluku.

Alikuwa mkulima wa kakao kutoka Mangina, mtu mrefu, mwenye sauti ya chini. Yeye na mke wake walikimbia huko na binti yao Kahindo wakati vijiji vya jirani vilipoanza kuchomwa, wakapanga nyumba juu kidogo ya karakana yangu. Alileta play iliyofungwa katika kitenge. Plastiki yake, iliyokuwa nyeusi, ilikuwa na mabaka meupe kama ngozi ya mtu aliyeungua. Nilijua mara moja. Hayo yalikuwa maji ya chlore. Mashine hii ilitoka katika nyumba iliyopuliziwa dawa wakati wa Ebola.

Aliiweka juu ya meza kwa mikono miwili. Akasema, "Mwanangu, mi sichezake hii kitu. Ni ya kijana yangu. Ndani kuko..."

Hapo ndipo nilipomkatiza. Nilimweleza kwamba mvuke wa chlore umeharibu jicho, kwamba diski haitasomwa tena, kwamba kuna njia nyingine, nayo ni nzuri zaidi. Alinisikiliza mpaka mwisho. Alitaka kuongeza neno, akaniona nimeshika bisibisi, akaliacha. Mzee mwenye adabu hamsumbui fundi kazini. Akaenda.

Sasa sikiliza, kwa sababu hapa ndipo kazi yako itakapokukuta. Programu ile hukaa katika kadi ndogo ya kumbukumbu inayochomekwa mbele ya mashine, kadi ile ile ambayo mchezaji huhifadhi michezo aliyoianza. Ukiwasha, mashine inaisoma kadi kwanza, inaikuta programu, na programu inafungua michezo iliyo kwenye clé USB. Si lazima kufuta kitu. Programu ni ndogo, inakaa kando ya vitu vya mwenyewe bila kuvigusa. Hilo nililijua.

Lakini nilipoitazama kadi ya Papa Paluku niliona imejaa mafaili ya ovyo, mengine yamekatika katikati. Nikafikiri, nikiiacha hivi, ikigoma siku moja, watasema yule kijana hakusoma. Nilitaka iwe safi. Niliifuta yote, nikaitilia programu, nikajaza clé michezo mizuri ya mpira na ya magari. Na uone ubaya wake: ile michezo ya mpira nilikuwa na nakala zake mahali pengi, mtu yeyote Butembo angeweza kunipa nyingine. Kitu kimoja ambacho hakikuwa na nakala popote duniani ndicho nilichokifuta, nikapiga na mluzi.

Papa Paluku alirudi Jumapili baada ya misa. Hakuja peke yake. Alikuja na mke wake, aliyevaa kitenge chake cha kanisani, na Kahindo, na wazee wengine wawili wa Mangina. Walikaa kwenye benchi langu wamebanana, mikono magotini, kama watu wanaongoja kuonyeshwa maiti. Sikuelewa. Niliwasha. Ile orodha ya michezo ilitokea, nikawaonyesha jinsi inavyofunguka haraka, nikasema na kusema. Walingoja nimalize. Kisha Papa Paluku akaomba kwa upole niwafungulie équipe ya Paluku.

Nilifungua mchezo wa mpira. Mashine ikasema hakuna kitu kilichohifadhiwa.

Kahindo ndiye aliyenieleza. Kaka yake Paluku, mzaliwa wa kwanza, alikuwa ametengeneza timu yake mwenyewe ndani ya mchezo na kuwapa wachezaji majina ya watoto wa mtaa wao wa Mangina. Kwa kuwa kwetu kila nyumba ina Kambale wake na Kasereka wake, alikuwa amewatofautisha: Kambale wa kinu, Kambale mrefu, Kasereka wa baiskeli. Yeye Kahindo alikuwa golikipa, ingawa ni msichana. Paluku alikufa kwa Ebola. Godoro lake lilichomwa, nguo zilichomwa, simu yenye picha zake ilichomwa. Alizikwa na watu waliovaa plastiki, mama yake akitazama kwa mbali. Kaburi liko Mangina, na barabara ya Mangina unaijua. Watoto wengine wa timu ile waliuawa baadaye na wale waasi wanaoingia vijijini usiku. Wazee wale wawili walikuwa wamekuja kusoma majina ya watoto wao kwenye televisheni.

Nilijua nilichofanya. Nilikijua kabla Kahindo hajamaliza. Mwanangu, nilikuwa na muda wa kusema ukweli, na nikautumia kutafuta uongo ulio safi. Nikasema chlore iliingia ndani ya kadi ikala kila kitu. Nilisema kwa sauti ya fundi. Nikaongeza hata jinsi inavyokula.

Mama Paluku alilia bila kelele. Kisha akasema, "Donc ile dawa yabo ilimaliza mpaka na majina."

Hakuna aliyenilaumu. Walinishukuru, wakaondoka, na nikaona nimepona.

Muda ukapita, Ebola ikatajwa tena upande wetu. Mama mmoja jirani yao alikufa, na Kahindo alikuwa amekaa nyumbani mwa huyo mama akimsuka binti yake. Watu wa riposte, kikosi cha kupambana na Ebola, walikuja kuwachanja wote waliokuwa karibu naye. Unakumbuka maneno yaliyosemwa wakati ule, kwamba wamekuja kutumaliza, kwamba dawa yao ndiyo ugonjwa. Mama Paluku alimfungia Kahindo ndani, akakaa mlangoni.

Papa Paluku alinijia karakanani amechoka kama mtu aliyetembea kutoka Eringeti, mbali kupita Beni. Alisema mke wake hasikii padri, hasikii yeye. Kila anayemshauri anamjibu kwamba dawa ya watu hawa iliingia mpaka ndani ya mashine ikafuta jina la mtoto wake, na kwamba si yeye anayesema, ni fundi aliyesema. Alinisihi niende nimweleze kwamba chlore na chanjo ni vitu viwili tofauti.

Nilimfuata nikiwa na hotuba tayari kichwani. Nilikuwa nimepanga kueleza tofauti ya chlore na chanjo vizuri sana, bila kufika kwenye kadi. Ndivyo nilivyokuwa, mwanangu. Hata wakati ule nilikuwa natafuta njia ya kupita pembeni.

Uani palikuwa na watu. Wachanjaji walisimama karibu na boksi lao la barafu, wawili tu, mmoja msichana wa rika lako, na majirani waliwazunguka kwa namna isiyopendeza. Kijana mmoja alikuwa ameshika jiwe bila kulificha. Mama Paluku aliponiona alisimama, na uso wake ukachangamka kama wa mtu aliyeletewa shahidi.

"Fundi, weye njo ulituambia," akasema. "Sema tena, bale batu basikie."

Wote wakanigeukia. Yule msichana wa chanjo naye akanigeukia, na niliona kwamba anaogopa.

Hotuba yangu ilipotea. Nikasema, "Mama Paluku, ile dawa haikufuta kitu. Ni mimi nilifuta."

Alidhani hakusikia. Nilirudia. Nyuma yangu mtu mmoja alisema nimelishwa na riposte, na mwingine akacheka. Yeye hakuwasikiliza. Aliniuliza sababu, "Juu ya nini?"

"Nilitaka ikuwe propre, safi."

Kisha akauliza swali ambalo hadi leo nalisikia nikiwa peke yangu na chuma cha kuchomelea. "Na ile siku nililia mbele yako, ulikuwa unajua?"

"Nilikuwa najua, mama."

Hakunipiga. Ningependa angenipiga. Aligeuka, akatoa ufunguo katika kitenge chake, akafungua mlango. "Kahindo, kuya." Binti akatoka. Mama yake alimshika bega mwenyewe mpaka mbele ya boksi, akabaki amemshika sindano ilipoingia, macho yake yakiwa kwangu. Yule kijana akatupa jiwe chini, akaenda zake. Yule binti wa jirani aliyekuwa anasukwa siku ile alikufa kwa Ebola. Kahindo yuko hai. Siwezi kukuambia kwamba ni kwa sababu yangu, kwa maana ni mimi pia niliyekuwa nimemfungia mlango.

Papa Paluku alinisindikiza mpaka barabarani, kama mgeni. Hakukasirika, au labda hasira yake ilikuwa ya namna ile. Alisema tu, "Ile siku nilikuwa nataka kukuambia. Haukuniacha nimalize." Akarudi juu.

Kadi ile nilijaribu kuirudisha kwa kila programu niliyoisikia. Hakuna kilichorudi. Kahindo alijitolea kuniambia majina tuitengeneze timu upya, nikaanza kuyaandika kwenye mashine, nikaacha. Ingekuwa timu yangu. Mama Paluku akinikuta sokoni hupita upande wa pili, na watu bado wanamwita kwa jina la mtoto aliyefariki, maana ndilo jina lake.

Basi, mwanangu, ukianza kazi, muulize mwenye mashine ndani yake kuna nini, kisha nyamaza, hata akichelewa kulitoa neno, hata likikutisha. Nusu ya kwanza ya atakalolisema ni ya mashine, nusu ya pili ndiyo iliyomleta. Kadi usiifute. Inakili kwanza mahali pengine, ovyo na uchafu wake wote, kwa sababu wewe hujui uchafu ni upi. Usione haya kusema hujui. Na ukiharibu, usitafute kitu cha kusingizia. Katika nchi yetu watu wamebeba maumivu mengi yanayotafuta mtu wa kulaumiwa, na uongo mdogo wa fundi unaweza kuyapeleka kwenye mlango wa mtu asiye na kosa.

Mungu akulinde huko Beni, akupe mikono isiyotetemeka na wateja wenye subira. Akufikishe uzeeni, ili nawe uitwe baba na watoto wanaokuzidi urefu.

Mimi bado naogopa, na bado nafungua mashine mara mbili. Lakini siku hizi nikiharibu kitu cha mtu, nafunga karakana na kwenda kumwambia nyumbani kwake.