Kitenge Kipya Kibirizi

Mnisamehe mapema, kisa hiki nitakiharibu, maana nilifundishwa kuchekesha jukwaani na siku hiyo waliochekesha ni wengine.

Kijana mmoja mtengeneza filamu, asiye na kampuni wala msaidizi, alikuja Kibirizi, mwalo wa dagaa huko Kigoma, kurekodi maisha ya kila siku. Kesho yake alikuwa anakwenda kambi ya wakimbizi, basi dada mmoja Mrundi, mwanika dagaa, akamwomba apeleke picha zake kwa mama yake mzazi aliyebaki huko.

"Huko wanamwambia nimekwisha," alisema. "Akiniona atalala."

Akavaa kitenge kipya, akasimama wima kama anapigwa picha ya kitambulisho.

"Dada, anika dagaa tu."

"Mama anione nanuka samaki?"

"Picha hainuki, dada."

Hakusogea. Kijana naye hakubishana, akakalia ndoo na kusubiri.

Mara mvua ikashuka. Wanawake wakakimbilia dagaa zao. Yule dada akajifunga kitenge kiunoni, akazoa, akaamrisha wenzake, akateleza, akacheka palepale chini. Kijana alikuwa akirekodi.

Alipojiona kwenye kioo cha kamera akakisogelea. "Huyo ndiye mimi," akasema. "Kicheko hicho mama anakijua."

Kisha akaonyesha pembeni, mwanamume mwenye kitambi, mikono kiunoni, akiitabasamia kamera huku wanawake wakihangaika na mvua.

"Kaka, huyu mtoe. Mama akidhani ndiye mume wangu, ataniita nirudi kambini."

Nami mwenye kitambi, wasomaji, nilikuwa nimejitahidi sana kuonekana wa kawaida.