Mkeka Usioburutwa na Wakati

Nakumbuka, mwanangu, na wewe andika kama ninavyosema, usinirembeshee, nakumbuka siku niliyoingia chumbani kwa dada yangu Mwanaidi na mkeka mpya kichwani, nikingojea kusifiwa.

Tulikuwa kisiwani Kiwayu. Mwanaidi alikuwa ndani ya eda, mumewe amefariki, na chumbani mwake wakati ulikuwa umepotoka. Uji nilioupeleka ukifuka moshi ulichacha kabla sijarudi mlangoni. Adhana ya alasiri ilimfikia sisi wa nje tumeshaswali magharibi. Akiambiwa ale, hujibu, "Si nimekula sasa hivi?" Kumbe alikula jana. Alikuwa akituishia mbele ya macho yetu.

Watu husema wakati ni ukuta. Shangazi yangu, Bi Zena, hakukubali. Yeye alishikilia kwamba wakati ni mkono, huvuta, na penye huzuni huvuta vibaya zaidi. Kitambaa, alisema, nyuzi zake zimenyooka, basi hufuata kokote kinakovutwa. Lakini ukili, ule utepe unaoshonwa kuwa mkeka, husukwa mshazari, chane ya jani la mwaa juu ya chane. Moja ikivutwa, nyingine huizuia. Mkeka wa ukili hauburutwi na wakati, wala aliyeukalia haburutwi. Sharti ni moja: chane zipite katika mikono ya watu mbalimbali. Sharti hilo mimi nililiona porojo. Nilikuwa msusi hodari, na hodari hapendi kushirikiwa.

Nikautandika. Mwanaidi akakaa. Uji ukachacha vile vile.

"Umesuka na nani?" shangazi akauliza.

"Mwenyewe, shangazi. Tazama chane zilivyolingana."

"Nimetazama. Utafaa sana kuanikia papa."

Wanawake waliokuwa ukumbini wakacheka, na mamangu mzazi akiwamo. Shangazi akaketi, akaufumua mkeka wangu wote mbele yangu, akaziroweka chane upya, akazigawa: hizi za mamangu, hizi za jirani, hizi za mavyaa wake Mwanaidi, nami kidogo. Zilizosalia akampelekea Mwanaidi.

Nikasema, "Shangazi, hata mfiwa afanyishwe kazi?"

"Yeye kwanza! Mkeka gani utamshika, naye hajaushika?"

Tukahamia chumbani, tukasuka tukimzunguka. Mikono yake ilikuwa mizito, ukili wake ukipinda. Mavyaa wake, ambaye naye alikuwa amefiwa na mwana, akautazama, akasema, "Mwanangu, ukili wangu unakwenda Amu mjini, wako umeshika ndia ya Shela."

Mwanaidi akacheka. Kicheko kidogo, kama cha mtu aliyesahau namna yake.

Tulipozishona kili na kuutandika, mkeka ulikuwa na matege, na mimi niliuonea haya. Nikaleta uji. Ukakaa moto mpaka akaumaliza. Akakwangua bakuli, akauliza kama sufuriani umebaki mwingine.

Mwanaidi alitoka eda salama, akaolewa tena, na leo ana wajukuu wanaomsumbua kama unavyonisumbua wewe. Mkeka huo ndio huu nilioukalia hapa mtaani Langoni, Amu. Ukague. Umefifia wapi?

Basi nasaha yangu ni hii. Kidole kimoja hakivunji chawa, na hili hulisikii kwa sababu mikono yako ni myepesi kusuka na watu wanakusifu. Ukimwona mtu ameburutwa na wakati, usimpelekee kazi uliyokwisha kuikamilisha ili akushangae. Mpelekee chane. Kaa chini, suka naye, na umwachie mahali pa kushika, hata kama pale pake patapinda. Palipopinda ndipo alipo yeye.

Mwenyezi Mungu akujaalie watu wa kuketi nawe siku yako ikivutwa, azipe saa zako kipimo chake, na uji wako ukukute ungali moto. Amin.

Sasa weka kalamu, ukanawe mikono. Chane yangu katika ukili huu ninaousuka imefika ukingoni, yataka yako.