Neno Lililomnyamazisha Esti

Kuna sauti moja ambayo haiwezi kunipita nikiwa nimekaa, nayo ni ya mwanafunzi anayekariri. Mnaijua. Ni ile sauti ya kuvutavuta, isiyo na nukta wala mkato, mtu akitembea huku na huku, macho yakitazama juu, kidole kikiwa kimebanwa ndani ya kitabu. Juzi mjukuu wangu alikuwa akikariri bayolojia uani, nami niko jikoni nachambua mboga, mara nikasikia neno ambalo sikuwa nimelisikia kwa sauti ya namna ile tangu utotoni. Estivesheni. Nilitoka nje, nikarudi ndani, nikatoka tena, na sikujua nilikuwa natafuta nini. Mboga niliisahau mpaka mbuzi akanisaidia nayo.

Katika familia yetu neno hili halina ugeni. Hata watoto wasiofika darasa la kwanza hulitumia. Ila sioni kama wanajua lilivyoingia nyumbani kwetu, na walionijibu maswali yangu wengi wao hawapo tena, kwa hiyo nawasimulia nyinyi.

Ilikuwa miaka michache baada ya Uhuru. Tuliishi juu kidogo ya ziwa, upande wa Homa Bay, mahali ambapo upepo wa mchana hauachi mlango utulie. Mvua za vuli zilitukataa mwaka ule. Kufikia Desemba kinamasi kilichokuwa chini ya boma letu kilikuwa kimekauka na kupasuka, na vumbi liliingia mpaka kwenye uji. Baba hakuwepo. Kila kiangazi dhahabu ilimwita kule kwenye machimbo ya Masara, naye hakuwa mtu wa kuitwa mara mbili. Nyumbani tulibaki Mama, mimi niliyekuwa darasa la tatu, Dani, yaani nyanya yetu mzaa baba, na kaka yangu Barnaba aliyekuwa amerudi likizo kutoka shule ya bweni. Na alikuwepo mtoto mchanga, msichana, ambaye bado hakuwa na jina na ambaye alilia.

Nikisema alilia msifikirie kilio cha kawaida. Alilia asubuhi, alilia jua la utosi, alilia akiwa amebebwa na akiwa amelazwa. Alilikataa titi. Akipewa aligeuza uso kama aliyepewa kitu cha mtu mwingine, na maziwa ya Mama yakawa yanamwagika tu, gauni limelowa mbele, mtoto anaendelea kulia. Hakuna aliyeweza kukaa. Mama alizunguka nyumba naye, Dani alianza kazi akaziacha katikati, na mimi nilikuwa na miguu iliyotaka kukimbia bila kujua kwa nani. Nilikuwa nikijituma mwenyewe kisimani na ndoo ambayo tayari imejaa.

Sababu ya hofu ile nilikuwa naijua, ingawa hakuna aliyeniambia. Mwaka uliotangulia Mama alikuwa amejifungua mvulana, naye alilia vivyo hivyo. Nilipelekwa Uriri kwa wajomba zangu, upande wa Mama, ati nikale viazi vitamu. Nilipochukuliwa kurudi nyumbani nguo ndogo hazikuwepo tena kwenye kamba. Nilimuuliza Dani mtoto yuko wapi, akanipa kuku nimshike miguu. Nilimuuliza tena siku nyingine, akasema amerudi. Sikujua amerudi wapi, na jinsi alivyonitazama sikuthubutu kuuliza mara ya tatu. Jina lake sikulisikia, kwa kuwa alikuwa hajapata.

Hapo ndipo penyewe, maana kwetu mtoto hapewi jina tu hivi hivi. Mtoto mchanga akikosa utulivu na kukataa kunyonya, wazee husema kuna mmoja wa ukoo aliyetangulia anayetaka kukumbukwa, na mtoto hatanyamaza mpaka atajwe yule anayetaka. Basi huitwa majina ya marehemu, moja baada ya jingine. Likitajwa lenyewe mtoto hunyamaza na kushika titi, na hilo ndilo jina lake maisha yake yote. Sisi tulikuwa tumebatizwa, na katekista hakupenda mambo hayo. Dani alitatua tatizo kwa kusali kwanza Baba Yetu mwanzo hadi mwisho, ili kusiwe na lawama upande wowote, kisha akampakata mtoto na kuanza kuita. Aliita shangazi zake, wake wenza wa mama mkwe wake, mabibi waliokufa kabla ya reli. Kila jina alisubiri kidogo, akamsogeza mtoto kifuani mwa Mama. Mtoto alilia. Kwa yule mvulana pia walikuwa wameita namna hiyo, na hakuna jina lililokubaliwa.

Barnaba naye alikuwa na lake. Mwaka uliokuwa unaingia ndio angefanya mtihani wake mkubwa, na kilio kile kilikuwa kinamkosesha kusoma. Dawa aliyoipata ni kukariri kwa sauti kubwa zaidi, akitembea kutoka ghalani mpaka kwenye ua wa minyaa na kurudi. Mtoto alipandisha sauti, naye akapandisha yake. Alasiri moja Dani alikuwa amesita ili avute pumzi, majina yakiwa yamemwishia, na Barnaba akawa anapita mlangoni na neno lake, estivesheni. Alilitamka pole pole, kipande kwa kipande, kwa jinsi lilivyokuwa gumu kukaa kichwani.

Mtoto akanyamaza. Alifungua macho, akatafuta kwa mdomo, akashika titi.

Sitasahau ukimya ule. Hata upepo niliusikia kwa mara ya kwanza tangu asubuhi. Dani alimwita Barnaba ndani na kumtaka aseme amemtaja nani. Barnaba aliapa kwamba hajamtaja mtu, alikuwa anasoma tu. Dani akamwamuru arudie, akarudia, na mtoto akazidi kunyonya. Hapo Dani akaanza kupekua ukoo mzima. Alikumbuka shemeji mmoja aliyechukuliwa kubeba mizigo katika vita vya Wazungu na hakurudi, akasema huenda huko alipewa jina hilo. Barnaba, maskini, akajaribu kueleza alivyofundishwa: kwamba hilo si jina la mtu, ni neno la wanasayansi, nalo ni usingizi wa kiangazi. Maji yakikauka, alisema, yule samaki kamongo huchimba matopeni, hujikunja mkia ukafika usoni, hujifunika ute unaokauka kama ngozi, na hukaa humo bila kula wala kunywa.

Dani alimuuliza kwa nini hakusema mapema kwamba ni habari za kamongo. Yeye na wenzake walipokwenda kuchimba udongo wa vyungu walikuwa wakimkuta humo mara kwa mara. Ameumbwa samaki, na bado anapumua kama mtu na anaguna ukimgusa. Jina la mnyama mwenye akili namna hiyo halikuwa na ubaya wowote kwake.

Lakini Barnaba alikuwa mwanafunzi mzuri, na mwanafunzi mzuri humaliza ukurasa. Akaongeza kwamba ukimtazama katika hali hiyo utadhani amekufa.

Mama alimtoa mtoto kifuani. "Mwanangu hataitwa usingizi wa udongoni," alisema, akasimama, akatoka naye nje juani, na kilio kikaanza upya.

Alikataa siku hiyo na siku iliyofuata. Dani alimbembeleza kwa kumwita mama wa Barnaba, "Min Barnaba, mtoto amechagua mwenyewe," lakini wapi. Barnaba aliagizwa atafute neno jingine kitabuni, lenye maana ya heri. Alisimama mbele ya mtoto, kitabu mkononi, akasoma kwa adabu kama anayesoma somo kanisani. Fotosinthesisi. Mitokondria. Kwenye klorofili mtoto alipata kwikwi, sote tukainama kumtazama, kisha akaendelea. Leo nacheka. Siku ile hatukucheka, maana kilio kilikuwa kimeanza kuwa chembamba, na midomo ya mtoto ilikuwa imekauka, na Dani hakuwa anaita majina tena. Nilimkasirikia Mama, nawaambia kweli. Nilisimama mlangoni nikimchukia kwa ajili ya neno moja, neno ambalo lingemgharimu kufungua mdomo tu.

Mchana wa siku ya tatu, wakati Dani ameniambia kwa mara nyingine nikae chini nami nimesimama kwa mara nyingine, Mama alimwita Barnaba.

"Hao samaki," alisema. "Wote huamka?"

Barnaba alikitazama kitabu chake, kisha akamtazama Mama. Akakifunga kitabu.

"Wote, Mama," alisema. "Mvua ikiwafikia."

Mama alimwinamia mtoto akalitamka neno lile yeye mwenyewe, kwa ulimi wetu usioipenda sauti ya sha, likatoka laini kuliko Barnaba alivyolisema. Alilirudia, na mtoto akashika titi, akanyonya mpaka jasho likamtoka kwenye pua. Nilikaa chini. Nadhani nililala hapo hapo sakafuni.

Binti yangu ni nesi, naye husema ulikuwa msokoto wa tumbo, huisha wenyewe. Mimi sibishani na manesi.

Siku ya ubatizo katekista aliuliza Estivesheni ni mtakatifu wa wapi. Dani akamjibu bila kupepesa kwamba ni mtakatifu wa kiangazi. Katekista akaandika Veronika. Nyumbani akawa Esti, na neno lenyewe likaanza kufanya kazi za kila siku. Baba akikawia Masara tulisema amefanya estivesheni. Mjomba mmoja wa Uriri aliyekuwa haonekani wakati wa palizi, akaonekana wakati wa mavuno, alikuwa ameingia estivesheni. Dani alilitumia kwa kuku anayeatamia na kwa jirani aliyemnunia. Miaka mingi baadaye Barnaba, akiwa sasa mwalimu, alikuja mbio kumwambia Mama kwamba neno hilo lina maana nyingine, ya wataalamu wa mimea, nayo ni jinsi petali zinavyokunjana ndani ya tumba kabla ua halijafunguka. Mama alimuuliza kwa nini basi alianza na samaki.

Mvua ilikuja Machi, Barnaba akiwa amesharudi shuleni. Ilikuja alasiri, kwa kishindo, tukakimbia kuanua na kutega sufuria chini ya michirizi. Nilikuwa nahamisha sufuria nilipomwona Mama nyuma ya nyumba, karibu na ua wa minyaa. Alikuwa amepiga magoti kwenye mvua, kichwa wazi, kiganja kimoja kimelala chini ardhini, kimetulia, kama unavyomwekea mtoto mgongoni ili asinzie. Nilitaka kumfuata. Dani, aliyekuwa na Esti mgongoni, alinishika gauni kwa nyuma akanivuta ndani.

Mimi nikajua lililokuwepo pale. Ni kamongo, na Mama alikuwa anasubiri aamke. Asubuhi nilipoona hakuna aliyetoka nilichukua jembe. Udongo ulikuwa laini, nikawa nimepiga mara chache tu Mama aliponifikia. Nilijikunja nikingoja kofi. Hakunipiga. Alilichukua jembe, akalilaza pembeni, akaurudisha udongo kwa mikono na kuushindilia taratibu.

"Hapa hakuna samaki, Awuor," alisema. "Nenda ukamchukue Esti, analia."

Mwaka ule sikuelewa, wala mwaka uliofuata. Nilikuwa nimeshaolewa Dani aliponiambia kwamba hapo ndipo alipozikwa yule mvulana, nikiwa Uriri nakula viazi. Na Barnaba, nilipomuuliza, alisema kitabu chake kiliandika wazi kwamba kiangazi kikizidi wengi hukaukia humo humo. Alisema alikijua alichokuwa anaulizwa.

Mimi sikukijua. Nilidhani Mama aliuliza kwa ajili ya Esti. Lakini Esti alikuwa mikononi mwake, analia, na mtoto anayelia hana haja ya kuamshwa. Alikuwa anauliza habari za mwanawe mwingine, aliyeondoka bila kuitwa na ambaye sisi sote tulikubaliana kunyamaza juu yake. Ilimbidi mtu amjibu kuhusu yule kwanza, ndipo apate nguvu ya kumwita huyu.